Uzi maalumu: Yuan Muzhi, steringi wa Shanghai aliyegeuka muongozaji

Mzee wa Projekta (mwanzisha uzi)

Wadau wa sinema, salaam.

Kwenye uzi wa filamu za kale kuna mdau kaandika kwamba Wachina hawakuwa na sinema ya maana mpaka Bruce Lee alipotokea. Nikaona hili siwezi kuliacha lipite hivihivi. Vibanda umiza vimetulea na ngumi za Hong Kong, sawa, lakini Shanghai ya miaka ya 1930 ilikuwa na studio, magazeti ya udaku ya wasanii, majumba makubwa ya sinema na waigizaji waliokuwa wakifuatwa na mashabiki barabarani. Mmoja wao ndiye nataka tumzungumze: Yuan Muzhi.

Mimi nina jambo moja kuhusu huyu bwana, nalisema mapema ili wabishi mjipange. Filamu yake kubwa ya mwaka 1937, *Malu Tianshi*, isingeweza kuongozwa na mtu ambaye hakuwahi kusimama mbele ya kamera. Alivyoongoza ni uigizaji uleule, kahamia tu upande wa pili wa lenzi.

Amezaliwa 1909 Ningbo, mji wa bandari mkoa wa Zhejiang. Alianzia jukwaani, kwenye vikundi vya tamthilia za maneno vya Shanghai, sio ile opera ya kuimba na kuruka sarakasi. Alikuwa kijana mdogo lakini akipewa mzee anakuwa mzee, akipewa mlevi anakuwa mlevi, akipewa Chekhov anaingia mzimamzima. Wakambandika jina "mtu mwenye nyuso elfu". Na hakuwa mtu wa kipaji tu, alikaa akaandika kuhusu ufundi wa uigizaji wakati wenzake wengi waliona hiyo ni kazi ya kuzaliwa nayo.

1934 ndipo sinema ikamchukua. Shanghai kulikuwa na kampuni changa inaitwa Diantong. Ilianza kama karakana ya wahandisi waliosomea Marekani, wakatengeneza mtambo wao wenyewe wa kurekodi sauti kwenye mkanda wa filamu. Kumbukeni wakati huo filamu nyingi za China bado zilikuwa bubu, na anayetaka sauti analipia mashine za wageni. Hawa jamaa wakasema mtambo tunao, sasa tutengeneze filamu yetu wenyewe.

Filamu ya kwanza ni *Taoli Jie*, muongozaji Ying Yunwei. Yuan aliandika hadithi na akawa steringi, mwenzake ni Chen Bo'er. Vijana wawili, Tao na Li, wanamaliza shule wakiwa na ndoto za kulijenga taifa, wanaoana. Mume anapata kazi, anaona bosi anahatarisha maisha ya watu kwa ajili ya faida, anakataa, anatoka. Anapata nyingine, uozo uleule, anatoka tena. Mke naye bosi wake anamtaka kwa nguvu. Umaskini unawakaba. Mke amejifungua juzi tu, anapandisha maji ngazini, anaanguka. Mume anaiba pesa kazini amlipe daktari, mke anakufa hivyohivyo. Mwisho mwenyewe anauawa na serikali.

Kule kibandani tulizoea steringi hafi. Hapa steringi anakufa, na filamu inaanza akiwa tayari yuko gerezani anasubiri, mkuu wake wa shule kaja kumwona. Ndani yake mna Wimbo wa Mahafali, muziki Nie Er, maneno Tian Han. Yashikeni hayo majina mawili.

Naendelea, msiquote bado.

dogo_tandale

Mkuu nimeweka kambi. Shusha madini taratibu.

Mzee wa Projekta

Sehemu ya pili.

1935 Diantong wakatoa *Fengyun Ernü*, yaani watoto wa nyakati za tufani. Muongozaji Xu Xingzhi, Yuan anacheza mshairi aitwaye Xin Baihua, kijana mwenye maneno mazuri mdomoni lakini miguu mizito. Nchi inaliwa na mvamizi, rafiki yake anakwenda vitani, yeye anazama kwenye mapenzi na mwanamke mwenye pesa. Rafiki akiuawa ndipo akili inamrudi. Filamu inafungwa na wananchi wanaandamana kuelekea mapambano huku wakiimba.

Wimbo ule wanaoimba ni Maandamano ya Waliojitolea. Nie Er na Tian Han tena. Tarehe 9 Mei 1935 waliurekodi kwenye sahani ya santuri kampuni ya Pathé, na miongoni mwa sauti zile ni ya Yuan Muzhi na mwenzake Gu Menghe. Mnausikia Olimpiki kila Mchina akivishwa dhahabu? Ndio huo. Wimbo wa taifa la China ulianza kama wimbo wa muvi, na mmoja wa walioufungulia mdomo mwanzo kabisa ni huyu steringi wetu.

Nie Er hakuyaona hayo. Julai 1935 alizama baharini akiogelea huko Japani, miaka 23. Tian Han alikuwa ameshakamatwa na serikali ya Chiang Kai-shek, mtawala wa China wakati ule, hata kabla filamu haijatoka.

Binti Makorora

Subiri kidogo. Kwa hiyo filamu inapiga vita mvamizi wa Kijapani wakati serikali yenyewe haitaki Wajapani watajwe? Iliruhusiwaje?

Mzee wa Projekta

Swali zuri dada. Ilipita kwa sababu adui hatajwi jina. Ndiyo ilikuwa njia ya wote: unasema "adui", unasema "nyumbani kwetu kumeungua", ramani mtazamaji anaichora mwenyewe kichwani. Japani ilishaichukua Manchuria, yaani kaskazini-mashariki ya China, tangu 1931, hakuna aliyekuwa ukumbini asiyejua.

Kabwela Msomi

Mkuu muongozaji yuko wapi sasa? Mpaka hapa ni mwigizaji tu.

Mzee wa Projekta

Mwaka huohuo wa 1935. Alikuwa na miaka 26 Diantong walipomkabidhi filamu. *Dushi Fengguang*, mandhari ya jiji. Wengi huitaja kuwa ndiyo filamu ya kwanza ya vichekesho na muziki nchini China.

Tazama anavyoanza. Familia ya watu wa shamba iko stesheni ya treni inasubiri kwenda Shanghai kutafuta maisha. Hapo stesheni kuna mtu ana sanduku la picha, unalipa unachungulia tunduni unaona maajabu ya mjini. Wanachungulia, na tunachokiona sisi ndiyo filamu yenyewe: binti wa mwenye duka la kuweka rehani, wanaume wanaomgombania, wote wanaonekana matajiri na wote wanadaiwa mpaka kope. Mwenye sanduku nani? Yuan Muzhi mwenyewe. Yaani muongozaji kajipa nafasi ya mtu anayewaonyesha wengine picha kwa hela ndogo. Sijui kama alikuwa anajicheka au anajitambulisha, lakini kila nikiiona natabasamu.

Kuna mpaka kipande cha katuni humo ndani, kazi ya ndugu wa ukoo wa Wan, wale waasisi wa katuni za China. Na muziki wa He Luting unatembea na miguu ya waigizaji, mtu akipanda ngazi muziki unapanda naye.

Filamu haikuiokoa kampuni. Diantong ilifungwa, jumla ya filamu nne tu. Yuan akahamia Mingxing, kampuni kongwe ya tangu 1922. Huko 1936 akaigiza *Shengsi Tongxin*, nafasi mbili tofauti kwa mpigo, mwanamapinduzi na mtu anayefanana naye anayekamatwa kwa makosa. Nyuso elfu, nawaambia.

mpenda_ubuyu

Mzee umeruka ubuyu! Kwenye hiyo Dushi Fengguang si ndiyo yumo Lan Ping?

Mzee wa Projekta

Nilijua mtafika huko. Ndiyo, kwenye nafasi ndogo kabisa. Lan Ping ni jina la sanaa la binti aliyekuja kuwa Jiang Qing, mke wa Mao Zedong. Steringi wa filamu ile, Tang Na, alimuoa Aprili 1936 kule Hangzhou, ndoa tatu siku moja, bwana harusi mwingine akiwa Zhao Dan ambaye tutamkuta mbele. Ndoa ya Tang Na na Lan Ping haikudumu, ilijaa vituko mpaka bwana akajaribu kujiua, magazeti yakala vizuri.

Miaka 30 baadaye, kwenye Mapinduzi ya Utamaduni, ile kampeni ya Mao ya kuwasaka maadui wa mapinduzi, kuijua Shanghai ya Lan Ping ikawa hatari. Zhao Dan alikaa gerezani zaidi ya miaka mitano. Zheng Junli, mwigizaji mwingine aliyegeuka muongozaji, alifia humo 1969. Tian Han alifia kizuizini 1968, wakati ule wimbo wa taifa alioandika unapigwa ala tupu bila maneno kwa sababu mwandishi wa maneno ni msaliti. Kwa hiyo ubuyu upo ndugu yangu, ila una mchanga ndani.

mpenda_ubuyu

Duh. Haya endelea, nimekaa kimya.

Mzee wa Projekta

Sasa *Malu Tianshi*, Malaika wa Mtaani, 1937. Hapa nitakaa.

Inaanza na taa za Shanghai, majengo, magari, kumbi za dansi, picha zinakatwa harakaharaka. Halafu kamera inashuka jengo refu kutoka kileleni mpaka chini kabisa, na huko chini ndiko hadithi ilipo. Kijana Xiao Chen, anapuliza tarumbeta kwenye bendi ya harusi, anachezwa na Zhao Dan. Ng'ambo ya kichochoro dirisha kwa dirisha anaishi Xiao Hong, binti aliyekimbia vita kaskazini-mashariki, anaimba kwenye nyumba za chai kwa faida ya watu waliomchukua. Huyo ni Zhou Xuan, hajafika hata miaka 20. Dada yake Xiao Yun wamemweka barabarani anauza mwili. Mle ndani baba mlezi anapanga kumuuza Xiao Hong kwa jambazi wa mtaa.

Ukisoma hivyo utadhani ni msiba mtupu. Lakini nusu ya kwanza watu wanacheka! Vijana wanafanya mazingaombwe dirishani, wanarushiana vitu. Rafiki yao kinyozi hana wateja, basi wanajigeuza matarumbeta ya kumtangazia biashara. Wakitaka kumshtaki yule jambazi wanakwenda kwa wakili ghorofani juu sana, wanachungulia nje wanaona mawingu, wanadhani wamefika peponi, mpaka wanapotajiwa bei ya kuongea tu na wakili. Wanashuka.

Hapa ndipo hoja yangu ya mwanzo. Wale waigizaji hawatoi hotuba kuhusu umaskini. Zhao Dan anaonyesha wivu kwa namna anavyokaa mezani nyumba ya chai, anavyorusha sarafu, anavyomlazimisha Xiao Hong aimbe kama vile ni mteja asiyemjua. Zhao Huishen, anayecheza dada, karibu hana maneno. Kasimama chini ya taa, bega kaegemeza ukutani, unaelewa kila kitu. Muongozaji ambaye hajawahi kupewa nafasi isiyo na maneno angemwandikia huyu dada monolojia ya kurasa mbili aeleze mateso yake. Yuan alijua kwamba mwili ukipangwa vizuri, maneno yanaingilia kazi. Alitoka kwenye jukwaa la maneno, na hicho ndicho alichojifunza huko: lini mtu anyamaze.

Na nyimbo. Zhou Xuan anaimba Wimbo wa Majira Manne, na wakati sauti inakwenda, picha zinatupeleka nyumbani kwake kulikoachwa, vita, watu wanakimbia. Mwingine ni ule wa binti mwimbaji wa kutangatanga. Zote mbili muziki He Luting, maneno Tian Han, na Wachina wanaziimba mpaka kesho. Anaimba wimbo uleule mara mbili, mara ya kwanza kwa furaha kwa mpenzi wake dirishani, mara ya pili anaimba mbele ya mpenzi huyohuyo aliyekasirika. Maneno hayajabadilika hata silabi. Hiyo ni akili ya mwigizaji, anajua mstari mmoja unaweza kubeba mambo mawili.

Mwisho Xiao Yun anachomwa kisu na yule mlezi, marafiki wanahangaika kutafuta daktari, hela hawana, daktari haji. Anafia pale wakimzunguka.

Ikatoka Julai 1937. Wiki hizohizo vita kamili ya China na Japani imeanza.

Nyundo ya Haki

Mzee mimi nakupinga kidogo. Hiyo Malaika wa Mtaani si ameiba kwa Wamarekani? Frank Borzage ana filamu jina hilohilo mwaka 1928. Tuache kuwapamba watu.

Mzee wa Projekta

Jina ni lile, sibishi, na Shanghai filamu za Hollywood zilikuwa zinajaza kumbi kila wiki, wote walizitazama. Lakini ile ya Borzage ni Napoli, binti maskini anakimbia polisi anajiunga na sarakasi, ndiyo moja ya filamu tatu zilizompa Janet Gaynor Oscar ya kwanza ya mwigizaji wa kike. Zitazame zote mbili uniambie wapi kuna kinyozi, wakili wa mawinguni na mkimbizi wa Manchuria. Kuchukua jina la filamu maarufu ukaweka mtaa wako ndani yake, hiyo sio wizi kwangu. Bongo muvi ngapi tunge... basi, niishie hapo nisivunje uzi.

Nyundo ya Haki

Hahaha haya yaishe. Lakini bado swali: baada ya hapo aliongoza nini? Nimetafuta sioni.

Mzee wa Projekta

Hapo ndipo panauma. Filamu za hadithi, hakuna tena. Mbili tu, 1935 na 1937, na ya pili ana miaka 28.

Mapigano ya Shanghai yaliimaliza Mingxing. Yuan akaenda Wuhan, 1938 akaigiza *Babai Zhuangshi*, kuhusu askari waliokataa kuwaachia Wajapani ghala la Sihang, Shanghai. Kacheza Xie Jinyuan, kamanda mwenyewe. Mwaka huo Mholanzi Joris Ivens yuko China anapiga filamu ya vita, akaacha kamera kwa siri ifike kwa wakomunisti; aliyeipokea ni Wu Yinxian, mpiga picha yuleyule wa Malaika wa Mtaani. Yuan na Wu wakaenda Yan'an, kule mapangoni kwenye makao ya Mao, ikaundwa timu ya filamu. Kamera hiyo, mkanda wa kubana, hakuna maabara, umeme wa mashaka.

Wakapiga filamu ya kumbukumbu kuhusu Yan'an na Jeshi la Nane, jeshi la wakomunisti. Wakatembea uwanja wa vita. Ile picha maarufu ya Norman Bethune, daktari wa Kanada, akifanya upasuaji ndani ya hekalu bovu mwaka 1939, ni ya Wu Yinxian kwenye safari hizo.

Maabara haipo, basi 1940 Yuan akabeba mkanda mpaka Muungano wa Kisovieti ukasafishwe na kuhaririwa. Alifuatana na Xian Xinghai, mtunzi wa muziki wa Mto Manjano, ili aweke muziki. Juni 1941 Wajerumani wakaingia. Studio za Moscow zikahamishwa, filamu ikapotea kwenye vurugu hizo. Kazi ya miaka miwili. Xian Xinghai hakurudi, alifariki Moscow Oktoba 1945. Yuan akarudi China 1946.

Binti Makorora

Hii ya kupoteza filamu nzima imeniuma kuliko zile za ndani ya sinema zake.

Kabwela Msomi

Naomba niseme ukweli wangu japo hautapendwa. Huyu mtu alikuwa na kipaji cha kuongoza cha ajabu, akakitoa sadaka kwa chama. Angekwenda Hong Kong kama wenzake tungekuwa na filamu kumi. Badala yake aliporudi akawa nini? Bosi wa ofisi. Hiyo ndiyo siasa inachofanya kwa wasanii.

Mzee wa Projekta

Kabwela, nusu ya hoja yako naichukua. Nusu nyingine ngoja tuitazame.

Ofisi ipi? Wajapani walikuwa na studio kubwa Changchun, Man'ei, iliyokuwa ikitengeneza filamu za kuwatukuza. Japani iliposhindwa 1945, wakomunisti wakachukua mitambo, na vita ya wenyewe kwa wenyewe ilipokaribia wakaihamishia Xingshan, mji wa makaa ya mawe karibu na mpaka wa Urusi. Hiyo ndiyo Studio ya Kaskazini-Mashariki, na Yuan akaiongoza. Filamu za habari, katuni, mafunzo ya wapiga picha wapya, mafundi wa Kijapani waliobaki wanafanya kazi pamoja na Wachina. Mwaka 1949 Ofisi Kuu ya Filamu ilipoundwa, yeye akawa mkuu wake wa kwanza. Chen Bo'er yule wa *Taoli Jie* ndiye alikuwa mkono wake wa kulia, na huko kaskazini walikuja kuoana, zaidi ya miaka kumi baada ya kucheza mume na mke. Shule aliyoianzisha Chen ndiyo iliyokuja kuwa Chuo cha Filamu cha Beijing. Alifariki 1951. Miaka michache baadaye maradhi yakamtoa Yuan ofisini, na yeye akafariki 1978.

Sasa hao kina Zhang Yimou na Chen Kaige mnaowasifia humu walisomea wapi? Chuo hichohicho cha Beijing. Kwa hiyo usiseme alikaa tu mezani anagonga mihuri.

Ninapokubaliana nawe ni hapa: mfumo alioujenga ulikuwa wa filamu kupita kwa kamati, kila muswada unasomwa na watu kumi. Malaika wa Mtaani, yenye wale vijana wanaocheza na kucheka bila kumaliza na mapinduzi, sidhani kama kamati ile ingeipitisha. Muongozaji wa 1937 angepata taabu mbele ya mkuu wa ofisi wa 1950. Na ni mtu yuleyule.

Kabwela Msomi

Hapo umemaliza mzee, ndicho nilichotaka kusema ila nikakosa maneno.

dogo_tandale

Mimi nilijua Wachina kwa ile tamthilia ya Doudou iliyokuwa TBC kwa Kiswahili, leo nimepanda daraja. Hii ya 1937 inapatikana wapi? Na ina tafsiri?

Mzee wa Projekta

Ipo YouTube nzima, tafuta "Malu Tianshi 1937" utakuta matoleo yenye maandishi ya Kiingereza. Chagua yenye picha safi, kuna nakala nyingine giza mpaka sura hazionekani. *Taoli Jie* nayo utaipata, sauti yake ina mikwaruzo lakini uvumilie, ule ni mtambo wa kwanza.

Binti Makorora

Nimeanza kuitazama. Dakika ya kumi, hao wa kwenye bendi wananichekesha. Naomba mtu asinitajie tena mwisho.

Nyundo ya Haki

Dada, mwisho ameshautaja juu hapo, umechelewa 😂

Mzee wa Projekta

Nisamehe Binti Makorora. Wiki ijayo nikipata nafasi nitaleta uzi wa Zheng Junli, yeye aliendelea kuongoza baada ya vita. Anayejua *Wuya yu Maque*, kunguru na shomoro, aanze kujiandaa.